Makala imetoka kwenye tasnifu yangu, jina langu limewekwa la nne

Shikamoo Mama Mshauri,

Mimi ni binti wa miaka 29. Nimemaliza shahada ya uzamili ya sayansi ya chakula kwenye chuo kimoja hapa nchini, na kwa sasa nafanya kazi za mkataba mfupi mfupi huku nikitafuta nafasi ya uzamivu. Naomba usitaje jina langu wala la chuo.

Utafiti wangu ulihusu sumukuvu, ile sumu itokanayo na ukungu, kwenye mahindi ya kaya za kanda ya kati. Nadhani unakumbuka mwaka 2016, watu walipougua na wengine kufariki huko Dodoma na Manyara kwa kula mahindi yenye sumu hiyo. Tangu wakati ule nilijua ndicho nitakachosomea. Msimamizi wangu alikuwa na mradi wenye fedha kidogo za jambo hilo, akanichukua. Siku ya kwanza ofisini kwake aliniambia, "Fanya kazi vizuri, pepa itakayotoka hapo ni yako." Hatukuandikishana. Nani anaandikishana na mwalimu wake?

Nilikaa vijijini miezi mitatu. Vijiji sita, kaya 93. Asubuhi nabeba bambo, mifuko ya khaki na kaunta buku langu, napanda bodaboda. Nachoma gunia juu, katikati na chini, nachanganya punje, nafunga, naandika namba. Bwana shamba wa kata ndiye aliyekuwa akinitambulisha, maana wazee wengi walipenda kuongea Kigogo na mimi sikijui. Wiki ya pili akaniambia, "Binti, unachoma gunia silo. Wanakuonyesha la kuuza. La kula liko ndani." Basi nikaanza kuchukua sampuli mbili kila nyumba, moja ya gunia la kuuza na moja ya gunia la kula, na nikarudi hata kwa zile kaya nilizokwisha kuzimaliza. Sampuli zikawa 186. Fedha za mradi zikaisha, nauli ya mwezi wa mwisho nikalipa kwa fedha aliyonitumia kaka yangu. Tofauti ya magunia hayo mawili ndiyo iliyokuwa kiini cha tasnifu, na ndiyo watahini waliyoisifia.

Maabara nako nililala mara nyingi kuliko nyumbani, kwa sababu mashine ya kusomea sampuli tulikuwa tunagombania na wanafunzi wengine, nami nafasi yangu ilikuwa usiku.

Sasa Jumatatu ya wiki iliyopita nikaona barua pepe ya jarida moja la nje: umetajwa kuwa mmoja wa waandishi wa makala hii, bonyeza hapa kuthibitisha. Nilifurahi kabla sijaifungua. Kufungua, wa kwanza ni msimamizi wangu. Wa pili ni dokta kijana wa idarani aliyekuja mwishoni kurudia hesabu za takwimu. Wa tatu mkuu wa idara. Wa nne mimi. Mkuu wa idara sijawahi kumwona na utafiti huu zaidi ya kusaini barua ya kuombea gari. Nikaisoma makala yote usiku ule. Sehemu ya mbinu ni sura yangu ya tatu neno kwa neno, mpaka na kosa langu la tahajia kwenye jina la kijiji kimoja.

Nilimfuata ofisini, nikamuuliza kwa adabu. Akasema, "Mkuu ni lazima awemo, ndiye anayepitisha mafaili yetu. Wewe bado mdogo, utaandika nyingi. Faili langu la uprofesa linaingia mwezi wa sita, na nafasi ya kwanza ina pointi zake." Nilipokuwa nanyanyuka akaongeza, "Barua yako ya uzamivu naiandika wikendi hii." Mpaka leo sijui kama alikuwa ananitisha au ananifariji.

Kaka anasema mwenye nguvu mpishe. Rafiki yangu anasema niwaandikie jarida niwaanike wote. Mama anasema nisisahau kwamba mtu huyu alinilipia ada ya muhula mmoja nilipokwama, na ni kweli alinilipia, na hakuwahi kunidai.

Zimebaki siku tisa za kubonyeza. Mama, huu ni wizi, au ni mimi nisiyejua taratibu? Nibonyeze au nikatae?

Wako,
Wa Nne

*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara tatu, na mara zote nimesimama pale kwenye jina la kijiji lililokosewa. Nadhani ndilo lililokuuma kuliko hata hiyo namba nne. Mtu akichukua maneno yako akayapima na kuyarekebisha, unaona kwamba angalau alikaa nayo. Akiyabeba mpaka na kosa lake, unajiona hukusomwa kabisa. Maumivu hayo ni ya kweli, na sitakwambia uyameze.

Nijaribu kulisema tatizo lako nilivyolielewa. Ulipewa ahadi ya mdomo na mtu unayemheshimu. Ukaifanya kazi, ukaongeza na nauli yako. Sasa jina lako liko nyuma ya watu watatu, na mmoja wao kwa ulichokiona hajagusa hata punje moja. Aliyeyapanga majina hayo ndiye aliyekulipia ada, na ndiye ambaye barua yake utaihitaji kesho. Unaniuliza kuhusu kubonyeza, lakini naona chini yake kuna swali zito zaidi: mtu anadaije haki yake kwa mtu ambaye yeye mwenyewe anadaiwa naye shukrani?

Kabla sijastaafu nilihariri jarida la chuo kwa miaka 11, na barua za namna hii nilizipokea kila mwaka. Kwa hiyo ngoja nianze na taratibu, kwa sababu umeuliza kama huzijui, na zipo.

Mwaka 1978 wahariri wachache wa majarida ya tiba walikutana Vancouver, Kanada, wakubaliane namna moja ya kuandaa makala. Kundi lile ndilo lililokuja kuwa Kamati ya Kimataifa ya Wahariri wa Majarida ya Tiba, na kipimo chao cha nani aitwe mwandishi kimevuka mpaka kwenye fani nyingine. Masharti ni manne, na mtu sharti ayatimize yote. Awe amechangia kwa uzito katika kubuni utafiti, au kupata data, au kuzichambua na kuzitafsiri. Awe ameandika makala, au ameipitia kwa kina na kuirekebisha. Awe ameidhinisha toleo la mwisho. Na awe amekubali kuwajibika endapo kazi itahojiwa, sharti ambalo liliongezwa mwaka 2013. Kutafuta fedha peke yake hakumfanyi mtu mwandishi, wala usimamizi wa jumla. Kusaini barua ya gari nako, bila shaka, hakutoshi.

Sasa jipime wewe mwenyewe. La kwanza unalo mara mbili, shambani na maabara. La pili unalo, maneno ni yako. La tatu huna. Makala ilitumwa bila wewe kuonyeshwa toleo la mwisho, ukajulishwa na kompyuta ya jarida. Umelalamikia nafasi, hili hukulilalamikia, na kwa macho ya mhariri hili ndilo kosa lililo wazi kuliko yote. Nafasi huwa na mjadala. Kutuma makala yenye jina la mtu ambaye hajaisoma hakuna mjadala. Tena ni jambo jepesi kulisema mbele ya mwalimu wako, kwa sababu hakuna atakayekwambia una tamaa ukisema, "Ningeomba niwe nimeisoma kabla haijaenda."

Kuhusu mkuu wa idara, umeandika kwamba hujawahi kumwona na utafiti huu. Nakuamini. Ila hujui kama aliwahi kupewa rasimu akaisoma, na hilo linaulizika. Kama hakusoma, basi limewekwa jina la heshima, na desturi hiyo kwetu ina mizizi mirefu, mkubwa kutengewa kinyama chake hata kama porini hakwenda. Ubaya wake ni kwamba makala haiishii kwenye karamu. Siku mtu akiuliza kwa nini sampuli ya kaya fulani imesomeka juu namna ile, waandishi wote wanatakiwa wajibu. Mkuu wako atajibu nini? Hata yeye anaingizwa kwenye hatari ambayo huenda hajaelezwa.

Yule dokta kijana umempitia haraka, mwanangu. Umesema alikuja mwishoni kurudia hesabu. Alizirudia kwa nini? Kama uchambuzi wa mwanzo ulikuwa na tatizo na yeye akautengeneza, huo ni mchango mzito, hata kama aliufanya kwa wiki mbili akiwa amekaa kitini. Jua la shambani halihesabiki kuliko hesabu sahihi. Huenda nafasi ya pili ni yake kabisa. Usiruhusu hasira ya jina la tatu imuunguze na huyu.

Na mwalimu wako? Aliandika andiko la kuombea fedha. Kama andiko lile ndilo lililouliza swali la mahindi ya kaya, na kama ndiye aliyekuelekeza njia ya kupima, basi naye ni mwandishi wa haki. Kinachobaki ni nafasi gani. Hapo kipimo cha Kamati kinanyamaza, kinasema waandishi wakubaliane wenyewe, na desturi hutofautiana. Kwenye hisabati na uchumi majina hupangwa mara nyingi kwa alfabeti. Mwaka 2015 wanafizikia wa majaribio makubwa mawili ya kule kwenye maabara ya CERN, Uswisi, walitoa makala moja yenye majina 5,154, na humo kuwa wa nne au wa elfu nne hakuna anayekuuliza. Lakini kwenye fani yako jina la kwanza ndilo linalobeba mzigo, na la mwisho huachiwa kiongozi wa kazi. Angalia hapo vizuri: nafasi ya mwisho ni kiti cha heshima cha msimamizi. Je, miongozo ya kupandisha vyeo ya chuo chenu inampa pointi mwandishi wa mwisho, au mwandishi wa mawasiliano, yaani yule anayeandikiana na jarida? Itafute uisome. Ikiwa inampa, huenda mnagombania kiti kimoja wakati viko viwili.

Kuna jambo jingine la kukusaidia. Chama cha Wanasaikolojia cha Marekani kimeandika kwenye kanuni zake za maadili kwamba makala iliyotokana kwa sehemu kubwa na tasnifu ya uzamivu, mwanafunzi ndiye atangulie, isipokuwa pawe na sababu ya pekee. Wewe si mwanasaikolojia na tasnifu yako ni ya uzamili, kwa hiyo kanuni hiyo haimfungi mtu yeyote chuoni kwenu. Inakuonyesha tu kwamba ulichokitarajia si ndoto ya mtoto.

Kwa neno "wizi" ningekuomba utembee taratibu. Sheria yetu ya hakimiliki ya mwaka 1999 inalinda maandishi, hailindi wazo, na zile data huenda kwa mkataba wa mradi ni za chuo. Sura ya tatu uliiandika wewe, hilo halina ubishi. Lakini makala ambayo jina lako limo, lililoandikwa na mtu aliyekuambia waziwazi kwa nini kapanga hivyo, ni vigumu kuiita wizi mbele ya kamati ikasikilizwa. Ukiita "mchango wangu haujaonyeshwa ulivyo", utasikilizwa na watu wengi zaidi.

Sasa nifike kwenye jambo ambalo nimekuwa nikilizunguka.

Unamfahamu Erasto Mpemba. Mwaka 1963 alikuwa mwanafunzi wa sekondari ya Magamba, Lushoto, wakitengeneza aiskrimu. Wenzake walichemsha maziwa wakayaacha yapoe kwanza. Yeye, akiogopa kukosa nafasi kwenye friji, aliyaingiza ya moto, na yake yakaganda mapema. Mwalimu alimwambia amechanganyikiwa. Baadaye, akiwa Mkwawa, Iringa, alikuja mhadhiri wa fizikia kutoka Dar es Salaam, Denis Osborne, naye Mpemba akasimama akamuuliza swali lile mbele ya wenzake, wakamcheka. Osborne alirudi chuoni akalipima. Makala yao ilitoka mwaka 1969, na majina yalipangwa hivi: Mpemba, kisha Osborne. Vipimo vya chuoni vilifanywa kwenye maabara ya Osborne. Shahada alikuwa nayo Osborne. Lakini swali lilikuwa la kijana, na jina la kijana likatangulia. Ndiyo maana leo dunia nzima inaliita tukio hilo kwa jina la Mtanzania.

Nilitaka kukupa kisa hiki ukamsomee mwalimu wako. Nilipokuwa nakiandika, nikarudi kwenye barua yako, nikaisoma tena ile sentensi: "Binti, unachoma gunia silo."

Umeniambia mwenyewe kwamba tofauti ya gunia la kuuza na la kula ndiyo kiini cha kazi yote. Bila sentensi ile ungerudi chuoni na sampuli 93 za mahindi ambayo wenyewe hawayali. Aliyeisema ni bwana shamba wa kata. Kwenye orodha ya majina manne hayumo, na hilo ni la msimamizi wako. Lakini kwenye malalamiko yako pia hayumo. Umemtaja kama mtu wa kukutambulisha na kukutafsiria Kigogo.

Sisemi hivi kukusuta. Nakusemesha kama mtu aliyekuwa upande huo. Nikiwa kijana nilifanya kazi ya miezi minane kwenye utafiti wa watu wengine, na makala ilipotoka nilikuta shukrani kwa "wasaidizi wetu wa shambani". Niliumia miaka mingi, na nilinyamaza. Kilichoniuma baadaye zaidi ni kugundua kwamba na mimi, kwenye makala zangu mbili za kwanza, niliandika sentensi ile ile. Sikuwa na ubaya moyoni. Nilikuwa nimefundishwa kwamba ndivyo inavyoandikwa.

Je, bwana shamba anatimiza masharti manne? La kwanza nadhani tunaweza kulitetea: alibadilisha namna ya kuchukua sampuli. Mengine hakupewa nafasi ya kuyatimiza, na Kamati ile ile inasema mtu aliyetimiza la kwanza apewe nafasi ya kushiriki kuandika, kupitia na kuidhinisha. Mabwana shamba wengi wamesomea kilimo vyuoni. Rasimu mnaweza kukaa nayo pamoja jioni moja, sehemu kwa sehemu, na huenda akaona kosa jingine zaidi ya lile la jina la kijiji. Au huenda akasema hataki jina lake liwe kwenye jambo la kitaalamu asiloweza kulijibia, na hapo atajwe kwenye shukrani, kwa jina lake na kwa alichokifanya, na kwa ridhaa yake. Hilo ni lake kuamua, si langu wala lako.

Nakuja kwenye siku zako tisa.

Ukibonyeza ukanyamaza, utapata makala kwenye wasifu wako na amani ya ofisini. Usiidharau njia hiyo, wapo waliopita humo wakafika. Hatari yake ni kwamba utakuwa umethibitisha kwa maandishi kuwa mpangilio ni wa haki, na miezi sita baadaye ukitaka kusema vingine, kuthibitisha kwako ndiko kutakakoonyeshwa kwanza. Na kinyongo ni kitu kinachokaa. Mimi na yule aliyeongoza utafiti ule wa ujana wangu hatukuwahi kugombana, lakini hatukuwahi tena kukaa meza moja tukacheka.

Ukikataa kabisa, fahamu kwamba kukataa kwako kuna uzito kuliko unavyodhani. Makala yenye maneno yako haiwezi kuchapishwa kwa uaminifu bila wewe. Huenda ikasimama, na faili la mwezi wa sita likasimama nayo. Hapo utakuwa umeshika silaha, na mahusiano yakishafika hapo ni kazi kuyarudisha.

Rafiki yako anataka uwaandikie jarida. Ipo Kamati ya Maadili ya Uchapishaji, iliyoanza Uingereza mwaka 1997, ambayo wahariri wengi hufuata miongozo yake. Mhariri akipata malalamiko ya majina, kwa kawaida hahukumu. Anaisimamisha makala na kuwarudisha kwenu mkubaliane, au anaiachia taasisi ichunguze. Kwa hiyo barua ya kuwaanika itatoka kwako, izunguke, na itue chuoni, mezani kwa watu wale wale. Ukiona haja ya kulalamika rasmi, kurugenzi ya masomo ya uzamili ndiko penye utaratibu, na itakubidi uwe na kaunta buku lako, barua pepe za zamani na tasnifu iliyokwisha kupita.

Kabla ya hayo yote, mimi ningejaribu njia ya kuongea mara ya pili, lakini safari hii na karatasi mkononi. Majarida mengi siku hizi huomba maelezo ya nani alifanya nini, kwa orodha ya majukumu 14 inayoitwa CRediT, iliyotoka mwaka 2014: kubuni wazo, kuandaa mbinu, kukusanya data, kuchambua, kuandika rasimu ya kwanza, kuhariri, kusimamia, kutafuta fedha na mengineyo. Orodha hiyo haisemi nani awe wa kwanza. Uzuri wake ni kwamba inaulizia kazi kabla ya cheo. Ijaze, weka majina kwenye kila jukumu kwa haki, na la mwalimu wako uliweke kila linapostahili bila ubahili. Kisha umwandikie kitu kama hiki, kwa maneno yako:

"Shikamoo Mwalimu. Nimeisoma makala, nashukuru kwa kuiendeleza. Kabla sijathibitisha naomba tukae nusu saa. Nimejaza orodha ya michango kama ninavyoikumbuka, naomba unisahihishe. Kuna jina la kijiji limekosewa, kosa ni langu la kwenye tasnifu. Na kuna mtu mmoja nadhani sote tulimsahau."

Ukiingia na jambo la bwana shamba, mazungumzo yanabadilika. Hutakuwa umeingia kudai chako tu. Huenda akalegea, huenda asilegee. Anaweza kukubali wewe utangulie na yeye awe wa mwisho. Anaweza kupendekeza mwekewe alama kwamba nyinyi wawili mmechangia sawa, nalo si baya, ingawa watu watakaoinukuu watataja jina la kwanza "na wenzake". Anaweza kukuahidi makala ijayo. Ahadi hiyo, mwanangu, iombe kwa barua pepe, kwa upole, "ili nisisahau tulichokubaliana." Na jueni kwamba makala ikishatumwa, kubadilisha majina huhitaji fomu yenye saini za wote, kwa hiyo mkuu wa idara lazima aambiwe. Nani amwambie, na kwa lugha gani, hilo mwachie mwalimu wako. Wewe usilibebe.

Siku tisa zikionekana hazitoshi, unaweza kuiandikia ofisi ya jarida sentensi moja, kwamba waandishi wanakamilisha mpangilio wa michango na unaomba muda. Lakini mwambie mwalimu wako kwanza, asilisikie kwao, kwa maana hata sentensi hiyo moja inaweza kumfanya mhariri aisimamishe makala. Majarida hayafanani: mengine hungoja kila mtu athibitishe, mengine huchukulia kimya kuwa ridhaa. Soma barua pepe ile upya uone imesemaje.

Kuhusu barua yake ya uzamivu, sijui alikusudia nini, na nadhani huenda hata yeye hajui vizuri. Wapo watahini wako walioisifia kazi. Waandikie wawili wiki hii uwaombe nao wakuandikie. Usifanye hivyo kwa kumwekea mwalimu wako kinyongo. Fanya ili ukiingia ofisini kwake usiwe umeingia ukiwa na mtu mmoja tu duniani wa kukutegemeza. Na ile ada, mama yako ana haki, ni deni la shukrani. Mshukuru kwa ada kama ada, hata kwenye ujumbe ule ule ukipenda. Shukrani na madai vinaweza kukaa kwenye karatasi moja.

Kabla ya kumwona, mpigie simu bwana shamba. Msalimie, mweleze makala imefika wapi, mwulize kama anakumbuka siku ile ya gunia la ndani. Na mwulize majina yake yote matatu yanaandikwaje, herufi kwa herufi, uyaandike kwenye kaunta buku.

Mama Mshauri